Kompyuta Iliyokataa Mtandao Msimu wa Salfa

Msimu wa salfa, dawa ya ukungu wa mikorosho, ukianza, Mbekenyera, wilayani Ruangwa, huamka na unga wa njano kila mahali. Kabla jua halijachomoza, majani ya mikorosho yakiwa bado na umande, mashine za kupulizia huanza kunguruma upande wa mashamba, na ule unga hauishii mikoroshoni. Unapita madirishani, unatua juu ya meza, juu ya sufuria zilizofunikwa, juu ya madaftari ya wanafunzi. Wenyeji wameshauzoea. Sisi tuliopangiwa kazi kutoka mikoa mingine hukohoa mwaka wa kwanza na kulalamika mwaka wa pili. Kuanzia mwaka wa tatu tunatafuta vitambaa.

Mimi nilikuwa navyo vitatu: cha meza, cha viatu, na kimoja laini, nilichokikata kwenye shuka kuukuu la pamba, cha kompyuta yangu mpakato. Kila asubuhi nilipofika ofisi ya walimu nilikilowesha kidogo sana, nikaifungua kompyuta, nikapangusa kioo, kisha vitufe, mstari kwa mstari, kutoka juu kwenda chini. Kabla ya ualimu nilifanya kazi miaka miwili kwenye redio ya jamii, nikiandika habari za vijijini. Huko ndiko nilikojifunza kutunza vifaa, na kuandika kwenye kijitabu saa ya kila jambo linalotokea, hata kama silielewi.

Wenzangu walinicheka. "Madam anaiogesha," mwalimu wa Hisabati alizoea kusema. "Siku moja ataipaka na mafuta."

Huyo mwalimu wa Hisabati ndiye niliyekaa naye nyumba moja ya walimu, vyumba viwili na jiko moja. Alitokea Kagera. Mwaka wake wa kwanza alikuja na mtoto wake wa kike, kichanga bado, na mtoto akaugua malaria mara mbili ndani ya miezi michache. Akampeleka kwa bibi yake, kule kwao, kwa muda tu, mpaka apate nguvu. Ule muda tu ulikuwa umefika miaka minne. Kutoka Ruangwa mpaka kwao ni safari ya siku tatu ukijumlisha kulala njiani, kwa hiyo alimwona mtoto mara moja kwa mwaka, likizo ya Desemba.

Desemba iliyopita alirudi akaniambia jambo moja tu kuhusu safari nzima. Tulikuwa tunachambua dagaa.

"Ananiita dada," alisema.

"Nani?"

"Mwanangu. Ananiita dada, kama binamu zake wanavyoniita. Nikamwambia, mimi ni mama yako. Akamgeukia bibi yake, akamwangalia kama anayeuliza, huyu anasema nini."

Aliendelea kukata vichwa vya dagaa. 

Kwa mtumishi aliyepangiwa mbali, njia ya kurudi kwao ni kutafuta mtu wa kubadilishana naye kituo. Watu hutafutana kwenye makundi ya simu. Unaandika somo lako, wilaya uliyopo na wilaya unayoitaka, kisha unasubiri. Mwenzangu alikuwa ameandika maneno yaleyale kwa miaka mitatu: Hisabati, Ruangwa, natafuta wa Kagera. Waliojitokeza walikuwa wa Kemia, wa Kiingereza, mmoja alikuwa muuguzi. Hakuna anayeitamani Ruangwa kutoka mbali isipokuwa mtu wa huku huku.

Na mwaka huo akapatikana mtu wa huku huku. Mwalimu wa Hisabati, mwanamume, mzaliwa wa Chiola, Nachingwea, aliyekuwa anafundisha mwendo wa nusu saa tu kutoka nyumbani kwa mama wa mwenzangu. Baba yake alikuwa amepooza upande mmoja na mikorosho ya familia ilikuwa inaota msitu. Alihitaji kurudi kama vile mwenzangu alivyohitaji kuondoka. Barua zikaandikwa, wakuu wa shule wakasaini, na yule bwana akajaza sehemu yake kwenye mfumo wa watumishi. Kilichobaki kilikuwa mwenzangu kuingia kwenye akaunti yake na kubonyeza neno "Kubali". Mwisho ulikuwa Ijumaa saa tisa alasiri. Baada ya hapo dirisha la maombi lingefungwa, na hakuna aliyejua lingefunguliwa tena lini.

Sasa, kwa nini hakuingia kwa simu au kompyuta yoyote? Kwa sababu nywila yake alikuwa ameisahau. Ukiomba nyingine, mfumo unaituma kwenye namba ya simu aliyojiandikishia, na simu ile aliiangusha kwenye gulio mwaka juzi, laini ikapotea nayo. Kila mwezi alikuwa anapanga kulishughulikia jambo hilo. Lakini kompyuta yangu ilikuwa inaikumbuka ile nywila. Aliwahi kuingia kwa kuitumia, ikamuuliza kama aihifadhi, akabonyeza ndiyo bila kufikiri. Hivyo njia yake ya kwenda kwa mwanawe ilikuwa imekaa ndani ya kompyuta yangu, na haikuwa mahali pengine popote duniani.

Jumatano jioni aliingia. Ukurasa ulifunguka, ombi likaonekana, jina la yule bwana wa Chiola likaonekana. Alilisoma mara mbili, akasema macho yamechoka, atalikubali kesho akiwa na akili timamu.

"Usiizime," aliniambia. "Iache hivyo hivyo. Nisije nikashindwa kuingia tena."

Niliiacha inawaka, kwenye chaja, pale ofisini.

Alhamisi asubuhi nilifika, nikaipangusa kama kawaida, nikaingia darasani. Saa nne, kipindi cha mapumziko, nilimkuta mwenzangu ameketi mbele yake, mikono mapajani.

"Madam, hii kompyuta yako haina mtandao."

Nikawasha simu yangu irushe mtandao kama siku zote. Kompyuta haikuuona. Tukawasha ya kwake. Haikuuona. Simu zenyewe zilikuwa na mtandao mzuri tu. Mwalimu wa Kemia akapita na kikombe cha chai, akasema bando limeisha. Tukamwonyesha bando lililobaki. Akasema basi ni wingu. Tuliibeba kompyuta mpaka kwenye tangi la maji, ambako kila mtu shuleni huenda akitaka kupiga simu ya maana, tukaiweka juu ya ukuta, tukaigeuza huku na huku. Hakuna. Orodha ya mitandao, ambayo siku nyingine huwa na majina matatu au manne, ilikuwa tupu kabisa. Ule ukurasa wa mfumo ulikuwa umeshajifunga wenyewe. Tuliizima kompyuta, tukaiwasha. Tupu vilevile.

Niliandika kwenye kijitabu changu. Bado ninacho: "Saa 4:20, haioni simu yoyote. Saa 4:35, tangini, haioni. Saa 4:50, imezimwa na kuwashwa, haioni. Chini kulia kuna alama ndogo ya ndege."

Hivyo ndivyo nilivyoandika. Alama ndogo ya ndege. Niliiona, nikaiandika, nikafunga kijitabu. Kwenye simu nilijua kuna hali ya ndegeni, na nilijua inakata kila kitu. Kwamba kompyuta nayo inaweza kuwa nayo, hilo halikunipitia kichwani.

Lazima niseme jambo jingine hapa, kwa kuwa limekaa moyoni muda mrefu kuliko lile la ndege. Nilikuwa namfahamu mtu ambaye angetusaidia. Ni fundi mitambo niliyefanya naye kazi redioni, mtu wa kompyuta hasa, namba yake ninayo. Alhamisi mchana nilimfikiria. Nikasema nitampigia baada ya kipindi. Baada ya kipindi nikasema nitampigia nikimaliza kusahihisha. Nikasahihisha madaftari arobaini na tatu ya Jiografia, ambayo yangeweza kusubiri wiki nzima, kisha nikaenda kuchota maji. Sikumpigia.

Jioni mwenzangu hakula. Aliketi jikoni akaniuliza, "Kwani ikifungwa kesho, itakuwaje?"

"Haitafungwa kabla hatujaingia," nilisema. "Kesho tunaipeleka mjini."

Ijumaa mkuu wa shule alituruhusu, kwa sharti kwamba Jumatatu apate alama za Kidato cha Pili. Saa mbili tulikuwa kwenye pikipiki mbili kuelekea Ruangwa, kompyuta nimeifunga kwenye khanga mbili na kuiweka tumboni kama mtoto. Saa tatu na nusu tulikuwa kwenye steshenari karibu na soko. Vijana wanaoomba vyuo walikuwa wamejaa mpaka barazani, na mama mwenye steshenari alikuwa anaongea na watu wanne kwa wakati mmoja bila kuinua macho kwenye kioo chake.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Kuomba chuo ama kurudufu?"

"Kompyuta yetu haishiki mtandao."

"Inaona mtandao wowote?"

"Hapana."

"Hata mmoja?"

"Hata mmoja."

"Basi kadi yake ya mtandao imekufa. Wewe, mwanangu, hicho cheti umekipiga picha kichwa chini, kakipige tena. Mama, hiyo mimi siiwezi. Nendeni Nachingwea, kuna baba mmoja alikuwa anatengeneza redio, siku hizi anafungua kompyuta. Ukishuka stendi, uliza fundi redio."

Mwenzangu akajaribu. "Mama, hebu iangalie kidogo tu."

"Nikiiangalia itafufuka? Mwanangu, mnapoteza muda wenu hapa."

Alikuwa na haki. Hakuiangalia, na sisi hatukumlazimisha. Laiti ningelifungua lile furushi la khanga, macho yake yaliyozoea yangeiona ile ndege kabla ya yangu. Lakini alisema kwa uhakika, na mtu mwenye wasiwasi hufuata sauti yenye uhakika popote inapoelekea. Saa tano kasoro tulikuwa kwenye gari la Nachingwea.

Tulishuka saa saba kasorobo. Fundi redio tulimpata bila shida. Alikuwa mtu mzima wa umri wa baba yangu mdogo, amesimama mbele ya kibanda chake akiwa na kanzu na kofia, mkononi ana kufuli.

"Baba, shikamoo. Tumetoka Mbekenyera, tuna shida ya haraka."

"Marahaba wanangu. Poleni na safari. Naenda swala."

Tulikuwa tumesahau kabisa kwamba Ijumaa ni Ijumaa.

"Utarudi saa ngapi, baba?"

"Nikimaliza."

Mwenzangu akaitazama saa ya simu. "Baba, mwisho wetu ni saa tisa."

"Kabla ya saa tisa nitakuwa nimerudi. Mungu hachelewi na mimi siwezi kumchelewesha. Kaeni kwenye benchi, kivuli kipo, maji yapo kwenye ndoo." Akafunga mlango, akajaribu kufuli mara mbili, akaenda.

Tukakaa. Mtaa ulipungua watu. Simu ya mwenzangu ikalia. Alikuwa yule bwana wa kubadilishana naye, na sauti yake niliisikia kutoka nilipokuwa, kwa jinsi alivyokuwa anapaza.

"Dada! Vipi huko, umeshakubali? Huku kwangu bado inaandika 'inasubiriwa'."

"Bado kidogo. Kompyuta ina shida. Tuko Nachingwea kwa fundi."

"Nachingwea! Ninyi ndio mko kwetu, mimi niko kwenu. Huku mvua inanyesha, dada, siku ya tatu. Huko kukoje?"

"Jua."

"Jua! Haya. Fanya fanya dada yangu. Nimeshamwambia mzee kwamba narudi. Usinitie aibu kwa mzee."

Alipokata, mwenzangu alibaki ameishika simu. Nami nikafungua khanga, nikaitoa kompyuta, nikaiwasha, nione betri imebaki kiasi gani. Vumbi la barabara lilikuwa limeingia kila kona, jekundu safari hii. Sikufikiri. Nilitoa kitambaa kwenye mkoba, nikamwagia matone mawili ya maji kutoka kwenye chupa, nikaanza kupangusa. Kioo kwanza, kisha vitufe, mstari wa juu, kushoto kwenda kulia.

"Subiri," mwenzangu alisema.

"Nini?"

"Kuna taa imezimika."

"Taa gani?"

"Hapo juu. Kulikuwa na taa ndogo, kama punje ya ufuta, imezimika ulipopita." Alikuwa ameinama, pua karibu iguse vitufe. "Pangusa tena."

Nilipangusa tena mstari ule ule. Taa ikawaka, rangi ya chungwa. Juu ya kile kitufe kulikuwa na picha ya ndege.

"Tena."

Ikazimika. Na pale chini kulia, mahali palipokuwa na ile alama niliyoiandika kwenye kijitabu, ndege haikuwepo. Nilibonyeza orodha ya mitandao. Yakatokea majina matano, majirani wote wa yule fundi, na la mwisho lilikuwa simu yangu mwenyewe.

"Mawe!" mwenzangu alisema, kama wasemavyo kwao mtu akishtuka.

 Siku zote nilikuwa naipangusa ikiwa imezimwa, na kitufe hakikuwa na la kufanya. Alhamisi niliipangusa ikiwa inawaka, kwa kuwa yeye ndiye aliyeniomba nisiizime. Niliona kwamba naye alikuwa anazipanga hatua hizo hizo, moja baada ya nyingine, kama anavyopanga hesabu ubaoni. Akakitazama kitambaa. Akanitazama mimi.

"Kwa hiyo ni wewe," alisema.

"Ni mimi."

"Siku mbili. Pikipiki mbili. Yule mama na vyeti vyake. Kumbe ni wewe na kutaka kwako usafi."

"Ni mimi," nilisema tena.

Nilidhani angecheka, maana alikuwa mwepesi wa kucheka, lakini hakucheka. Aliiunganisha na simu, akaufungua mfumo. Jina lake likajaa lenyewe. Nywila ikajaa yenyewe, vile vitone vyeusi vinane. Ukurasa ulizunguka, ukazunguka, ukafunguka. Jina la bwana wa Chiola. Neno "Kubali" ndani ya kisanduku cha kijani. Ilikuwa saa saba na dakika thelathini na nane, na betri ilikuwa na asilimia kumi na tisa.

Hakubonyeza.

Nilisubiri. Nilidhani ukurasa umeganda. "Imekwama?"

"Haijakwama."

"Sasa?"

Mshale ulikuwa juu ya neno lenyewe. Kidole chake kilikuwa kimetulia.

"Lilikuja Jumamosi," alisema.

"Nini kilikuja?"

"Hili ombi. Yule kaka alijaza Jumamosi, akanitumia ujumbe siku hiyo hiyo. Nilikwambia Jumatano, lakini lilikuja Jumamosi. Siku nne nilikaa nalo."

Sikuelewa. Miaka mitatu ya kuandika maneno yaleyale kwenye makundi yale, na sasa siku nne za kukaa kimya.

"Nikiwa huku," alisema, "ninaweza kusema hanijui kwa sababu niko mbali. Ni jambo la umbali. Nikishafika kule, nikilala naye chumba kimoja, nikimwogesha kila siku, na bado ananiita dada, hapo nitasema nini?" Alisema haya akiutazama ukurasa. "Na mama yangu amezeeka, anataka kupumzika. Sitakuwa na wa kumrudishia."

Mtu aliyewahi kufanya kazi ya habari anajua kuuliza swali linalofuata. Niliyafikiria mawili, nikaona yote ni ya kuandikia habari, si ya kumwambia mtu aliyekaa benchi moja nawe. Nikamwambia nililokuwa nalo.

"Mimi namjua mtu wa kompyuta. Yule wa redioni. Jana nilikuwa na namba yake na salio lilikuwepo. Sikumpigia."

Akageuka. "Kwa nini?"

"Nilisahihisha Jiografia."

"Madaftari yale ya Kidato cha Kwanza?"

"Arobaini na tatu."

"Yale uliyosema utayasahihisha mwezi ujao."

"Hayo hayo."

Hapo ndipo alipocheka, kidogo, kwa puani. Hakuniuliza kama ni kweli nilikuwa nataka abaki. Angeniuliza, ningemwambia sijui, na ungekuwa ukweli. Kitufe nilikigusa bila kukusudia, hilo ninaweza kuapa mbele ya yeyote. Lakini baada ya kukigusa nilikuwa na siku nzima ya kukusudia, na niliitumia kuchota maji. Huwa nalifikiria jambo hilo mara kwa mara. Nimeandika habari nyingi za watu waliozembea, na sikuwahi kuandika hata moja ya mtu aliyezembea kwa sababu anampenda mwenzake na jiko lao moja.

"Bonyeza wewe," alisema, akanisogezea kompyuta.

"Hapana. Mimi nimeshabonyeza vya kutosha."

Sasa alicheka kweli, mpaka muuza mihogo wa ng'ambo akageuka. Alijifuta macho kwa ncha ya khanga, akairudisha kompyuta mapajani pake, akabonyeza. Ukurasa ukazunguka. Nilihesabu moyoni. Ukaandika kwamba ombi limekubaliwa na pande zote mbili na linasubiri hatua nyingine.

"Nisomee kwa sauti," alisema.

Nilimsomea.

"Soma tena."

Nilisoma tena. Akampigia yule bwana, akamwambia maneno mawili tu, "Tayari kaka," na kutoka kwenye simu zikaja kelele za mtu anayekimbia mvuani bila kujali.

Fundi alirudi saa nane na dakika chache, kofia mkononi. Alitukuta tunakula mihogo, kompyuta imefungwa.

"Haya, ileteni niione."

"Imepona, baba," mwenzangu alisema. "Ilikuwa kwenye hali ya ndegeni. Huyu aliigusa kwa kitambaa."

Alimtazama, akanitazama, akaikalia ile benchi taratibu. "Nikiwa natengeneza redio," alisema, "nusu ya walioniletea redio zilizokufa, sauti ilikuwa imeshushwa mpaka mwisho. Na sikuwahi kumcheka mtu. Mtu akiwa na haraka haoni." Alichukua kipande cha muhogo tulichompa. "Lakini wewe mwanangu, ukiwa unafuta, zima."

Ndani ya gari la kurudi alisinzia mpaka karibu na Ruangwa. Hapo akaniuliza nani atakayechukua chumba chake, nikasema pengine huyo bwana wa Chiola atakaa kwao na chumba kitabaki wazi. Akasema nikifanye stoo, panya wasilete shida kwenye mahindi. Tukaongea habari za panya mpaka nyumbani.

Kibali kilitoka baada ya wiki kadhaa. Aliondoka asubuhi, msimu wa salfa ukiwa umekwisha na korosho zimeanza kudondoka. Nilimbebea begi moja mpaka kwenye pikipiki. Alinipa ufunguo wa jiko, akaniambia mchi aliuazima kwa jirani, niurudishe. 

Kwa muda mrefu hakuandika chochote kuhusu mtoto. Aliandika habari za shule mpya, za ndizi, za mama yake aliyeanza kulala mchana bila wasiwasi. Sikumuuliza. Halafu Jumapili moja, nikiwa nafua, ukaingia ujumbe wa sauti. Nyuma yake kulikuwa na kelele za vyombo na mtoto analia kwa hasira, si kwa uchungu.

"Madam, unamsikia huyu? Kanigomea uji. Anasema una mabonge. Kaumwaga, anasema niupike upya, na bibi yake akitaka kumpikia hataki, anasema mpaka nipike mimi. Sasa nifanye nini?"

Nilikausha mikono, nikaichukua simu, nikamjibu kwamba aupike upya.